Mjumbe hauawi, lakini huyu hafikishi ujumbe

Shikamoo Shangazi,

Mimi ni Msambaa wa Lushoto, nina miaka thelathini na minane, naishi Berlin. Naomba usitaje jina langu, na mji tunaotarajia kuhamia mwakani sitautaja hata kwako, kwa sababu watu wa kazi ya mume wangu ni wachache na wote wanajuana.

Mume wangu ni Mjerumani. Ni mfasiri wa Kirusi katika Wizara ya Mambo ya Nje ya nchi yake. Tulikutana Unguja mwaka 2015, nikiwa nafundisha wageni Kiswahili. Alikuja likizo akalipia kozi ya wiki tatu, mwaka uliofuata akarudi akalipia ya wiki sita. Wenzangu walinicheka, wakasema huyu hakufuata ngeli. Lakini ngeli alizisoma, Shangazi. Katika wanafunzi wangu wote, ni yeye peke yake aliyewahi kunirekebisha mimi ubaoni, tena mbele ya darasa.

Tulifunga ndoa Agosti 2017, nyumbani Lushoto, katika kanisa letu la Kilutheri. Mama yake alikuja na dada yake. Mume wangu ndiye aliyewakalimania siku nzima, tangu ibada mpaka chakula, kwa kuwa kwetu hakuna anayejua Kijerumani na kwao hakuna anayejua Kiswahili. Watu walimsifu sana. Mjomba wangu alisema, "Huyu kijana ana ndimi mbili na zote tamu."

Kazi yao ni ya kuhama kila baada ya miaka mitatu au minne. Kabla ya safari ya kwanza nilijazishwa fomu nyingi: ndugu zangu, nchi nilizowahi kukanyaga, kila kitu. Anayefasiri nyaraka za siri, na mwenzi wake huchunguzwa. Mwaka 2019 tukahamia Moscow na mtoto wa mwaka mmoja. Tulipewa nyumba kwenye makazi ya Wajerumani barabara ya Vernadsky, shule yao ipo ndani ya ua huohuo. Kirusi nilijifunza cha sokoni. Kijerumani sikujifunza, kwa sababu nyumbani tuliongea Kiswahili na nje kulikuwa na Kirusi.

Kazini alikuwa anafasiri nini, sijui mpaka leo. Anarudi jioni macho mekundu, namuuliza, "Kazi ilikuwaje?" Ananijibu, "Maneno." Basi. Jibu hilohilo kwa miaka minne. Baada ya Februari 2022 hata hilo "maneno" likawa la kuvuta kwa ndoano. Ndege za moja kwa moja za kwenda Ujerumani zilikatika, tukawa tunazunguka Istanbul kwenda kumwona mama yake. Halafu 2023 Urusi ikaweka ukomo wa watu 350 wa taasisi za serikali ya Ujerumani nchini mwake, mamia wakafungasha, na sisi tukawamo.

Berlin nimepata nafasi ya kusoma. Nimefaulu Kijerumani daraja la B2. Mume wangu anajua. Asichojua ni kwamba Kijerumani cha mama yake nakisikia pia. Mama mkwe ni mtu wa kijijini huko kusini karibu na Stuttgart, anaongea Kiswabia, na Wajerumani wenyewe wa Berlin wanakiogopa. Lakini kila Jumapili binti yangu anaongea na bibi yake kwa video. Mimi niko jikoni napika, masikio yako sebuleni. Jumapili za miaka miwili ni darasa tosha.

Sasa sikiliza. Pasaka ya 2025 tulikwenda kwa mama mkwe. Tumekaa mezani, chai na keki. Mama mkwe akamwambia mwanawe, bila kuniangalia, "Huyu ataanza lini kufanya kazi, au atakula jasho lako mpaka mwisho?" Mume wangu akanigeukia, uso mkunjufu, "Mama anauliza kama umeshaizoea Berlin."

Nilidhani nimesikia vibaya. Nikamjaribu. Nikasema kwa Kiswahili, taratibu, "Mwambie nilikuwa na kazi niliyoipenda, nikaiacha kumfuata mwanawe, na mwakani tunahama tena." Akamgeukia mama yake akasema, "Anasema keki yako ni nzuri mno, angependa umfundishe."

Mama mkwe alifurahi, Shangazi. Alicheka, akanikatia kipande cha pili. Nikakila.

Binti yangu, ana miaka saba na lugha zote mbili anazo, akasema kwa sauti, "Baba, mama hakusema hivyo." Baba yake akaweka kidole mdomoni, akamkonyeza. Mtoto akanyamaza. Tangu siku ile nikimwambia neno la kumwambia bibi yake, kwanza anamtazama baba yake.

Imepita miezi minne sijasema kitu. Silali vizuri. Narudi nyuma hadi siku ya harusi. Mjomba alisimama akasema, nakumbuka kila neno: "Mtoto wetu hatujamuuza. Mkimchoka, mrudisheni akiwa mzima kama tulivyowapa, msimtupe njiani." Mama mkwe alipiga makofi, akafuta machozi. Alisikia nini? Na mama yangu, ana miaka sabini na mitatu, kila Krismasi ananipa salamu: mwambie mwenzangu aje tena kabla sijafa. Jibu halijawahi kuja. Miaka yote hiyo nimeamini mama mkwe anatudharau. Sasa sijui hata kama mwaliko ulifika.

Mtu huyuhuyu, ofisini, ananiambia mwenyewe kwamba koma ikikaa pasipo pake mkataba wa nchi mbili unaweza kuleta kesi. Kumbe uaminifu wake wote anauacha huko, kwangu anakuja na makombo?

Nimwambie kwamba nimejua, au nifuate kanuni yake ninyamaze? Na je, mwakani nimfuate tena kituo kipya, au nirudi Lushoto na mtoto? Kingine, anataka nichukue uraia wa Ujerumani kabla hatujaondoka. Nimechanganyikiwa.

Mwalimu, Berlin

*

Marahaba mwanangu,

Barua yako nimeisoma mara tatu, na mara zote nimekwama kwenye kile kipande cha pili cha keki. Umekila ukijua umekipewa kwa maneno ambayo hukuyasema. Hiyo si keki ndogo.

Kwanza nikwambie kwa nini barua hii nimeipa safu nzima. Kabla sijawa shangazi wa watu nilikuwa mkalimani mahakamani kwa miaka kumi na moja, Kisukuma na Kiswahili. Siku moja mzee mmoja aliyeshtakiwa kwa ugomvi wa malisho alimtolea hakimu tusi, tusi la wafugaji, zito, lenye ng'ombe ndani yake. Nilikuwa kijana, nikamwonea huruma. Nikasema, "Mheshimiwa, mzee anasema hajaridhika." Hakimu akaandika, akaendelea. Mzee akapandisha sauti, mimi nikazidi kushusha. Kwenye korido aliniuliza, "Ulimwambia?" Nikasema ndiyo. Akaniuliza, "Mbona hakukasirika?"

Swali lile sijalijibu mpaka leo. Mzee alikuwa na haki ya kukasirikiwa. Nilimnyima hakimu tusi, na yule mzee nikamnyima hakimu. Aliondoka akiamini serikali ilimsikia ikampuuza, kumbe haikumsikia kabisa.

Kwa hiyo mumeo namfahamu. Ugonjwa wake nimeuugua.

Wewe ni mwalimu wa lugha, tofauti ya mfasiri na mkalimani huhitaji kufundishwa, ila nataka uitazame upya ikiwa ndani ya nyumba yako. Mfasiri ana karatasi, ana kamusi, ana mwenzake wa kulipitia andiko kabla halijatoka, ana usiku mzima wa kutafuta neno. Mkalimani ana pumzi moja, na watu wawili wanamtazama usoni. Mumeo ameajiriwa kwa kazi ya kwanza. Nyinyi, tangu Agosti 2017, mlimpa ya pili bila kumuuliza: mama yake huku, mjomba wako huko, bwana harusi katikati akiwa na suti na jasho. Na mkamsifu. Ndimi mbili zote tamu! Mjomba wako alidhani anatoa pongezi, kumbe alikuwa anaeleza tatizo.

Simtetei, nakuonyesha tu mlango alikoingilia. Mtu anayeshinda siku nzima akivusha ukali wa wakubwa kutoka Kirusi kwenda Kijerumani, bila ruhusa ya kupunguza hata kivumishi, akifika nyumbani anaona hapa ndipo pekee anapoweza kupunguza. Nadhani kwake ni pumziko. Lakini analipumzikia juu ya mgongo wako.

Anakijua bila shaka kisa cha Wuchale, maana mafundi wa kazi ile wanakisimulia kama sisi tunavyosimulia sungura na fisi. Mwaka 1889 Italia na Menelik wa Pili wa Ethiopia walitia saini mkataba wa lugha mbili. Kifungu cha 17 kwa Kiamhari kilisema Ethiopia inaweza kuwasiliana na mataifa mengine kupitia Italia. Kwa Kiitaliano, ilikuwa lazima. Kitenzi kimoja tu, na mwaka 1896 Waitaliano na Waethiopia walikuwa wanauana vitani Adwa. Wasomi bado wanabishana kama lile lilikuwa kosa au hila. Kwako hakuna ubishi, kwa sababu shahidi unaye, ana miaka saba.

Hapo ndipo ninapoacha kumwonea huruma mumeo. Kubadili maneno ya watu wazima ni udhaifu. Kumkonyeza mtoto ili awe mshirika ni jambo jingine. Binti yako alifanya kazi ambayo baba yake analipwa kuifanya: aliona matini mbili hazilingani, akasema. Akaadhibiwa kwa kidole mdomoni. Sasa anajifunza kwamba lugha zake mbili ni ukuta wenye mlinzi, na mlinzi ni baba. Ukichelewa, mwakani atakuwa anakukalimania wewe kwa bibi yake, na atakalimani kama alivyofundishwa.

Kwa hiyo ndiyo, mwambie. Miezi minne inatosha. Ukinyamaza zaidi utakuwa umejiunga na kazi yake, wote wawili mnaficha mnachokisikia.

Namna ya kumwambia nina maoni yangu. Usimwambie usiku akirudi, atakupa lile neno lake moja. Mtoeni mtoto kwa rafiki Jumamosi, nendeni Tegel mkatembee kando ya ziwa, Wajerumani wanasikia vizuri wakiwa wanatembea. (Chuo cha Wizara yao kiko hukohuko ziwani, lakini hilo liwe siri yako.) Usianze kwa kulalamika, wala usianze kwa Kiswahili. Mrudie sentensi ya mama yake, ile ya jasho, neno kwa neno, kwa Kiswabia kilekile na lafudhi ileile. Halafu nyamaza. Wewe ni mwalimu, unajua ukimya unavyofanya kazi darasani.

Atakachosema kwanza huenda kikawa, "Nilitaka kukulinda." Huenda akakutajia na methali, maana umemfundisha vizuri: mjumbe hauawi. Mjibu kwamba methali hiyo ilitungwa kwa ajili ya mjumbe aliyefikisha. Mjumbe aliyekula barua njiani haimhusu.

Kisha mnyang'anye kazi. Hapa sina masharti laini. Kuanzia siku hiyo hakalimani tena kati yako na mama yake, hata salamu. B2 yako inatosha kugombana, na kugombana kwa heshima na mama mkwe hakuhitaji sarufi kubwa. Utakosea jinsia za nomino. Na mwanawe alizikosea ngeli wiki tatu za kwanza, hukumfukuza darasani. Na mtoto naye asikalimani. Baba yake amwite, wewe ukiwapo, amwambie kwa Kiswahili na kwa Kijerumani kwamba siku ya keki yeye mtoto ndiye aliyekuwa sahihi. Kwa lugha zote mbili, maana alinyamazishwa katika zote mbili.

Sasa mama mkwe. Mwanangu, swali lake lilikuwa la utovu wa adabu, nakubali. Lakini lilikuwa swali, na lina jibu, tena jibu zuri. Miaka minane mama yule anaongea na mwanamke asiyekuwepo: mpole, hana maoni, anapenda keki. Mtu wa namna hiyo hata mimi ningemuuliza atafanya kazi lini. Hajawahi kukutana na mwalimu aliyemfundisha mwanawe. Mpigie simu Jumapili, mtoto akimaliza, chukua simu wewe. Mwambie ulichokisema Pasaka. Atashtuka kwamba unasikia Kiswabia, na pengine ataona aibu kwa siku mbili tatu. Mwache aone.

Kuhusu lile "maneno" la kila jioni, hapo nitakupinga kidogo. Usichimbe alichofasiri. Alikula kiapo, na wewe mwenyewe ulichunguzwa kwa ajili ya kiapo hicho. Lakini siri ni yaliyomo kwenye karatasi. Uchovu wake si siri ya serikali, wala hofu yake ya mwaka 2022, wala namna alivyojisikia kufungasha nyumba 2023. Mwambie hayo unayadai, na hakuna sheria ya kumzuia kukupa.

Kumfuata au kutomfuata, sitakuamulia, na tafadhali usiamue kwa hasira ya keki. Ila kuna mambo ya kuuliza kabla tarehe haijawekwa, na uyaulize mwenyewe ofisini kwao, usimtume yeye. Umeshaona anavyotumika.

La kwanza ni kazi yako. Mkataba wa Vienna wa 1961 unawapa familia za watumishi wa ubalozi kinga na nafuu, ila kinga hizo hazikupi kibali cha kufanya kazi katika nchi mnayopelekwa. Ujerumani ina makubaliano na nchi kadhaa yanayowaruhusu wenzi kuajiriwa; uliza kama nchi mnayokwenda imo. Na kama unataka kufundisha kwa intaneti kutoka sebuleni, uliza vilevile, upate jibu la maandishi. Watu hudhani kompyuta haina mipaka, halafu maswali ya kodi na kinga yanakuja baadaye. Sheria yao ya Utumishi wa Nje ya 1990 inawataja wenzi wa watumishi kwa vifungu, kwa hiyo huendi kuomba hisani. Uliza na suala la akiba yako ya uzeeni kwa miaka ambayo huajiriwi. Mume akistaafu atakuwa na pensheni. Wewe uliyefunga na kufungua maboksi utakuwa na nini?

Na kazi yenyewe usiitaje kama kitu ulichokiacha Unguja. Unafundisha Kiswahili, uko Berlin, mji ambao ulikuwa ukiajiri Waswahili kwa kazi hiyo kabla bibi yako hajazaliwa. Mwaka 1887 walifungua pale Seminari ya Lugha za Mashariki, kufundisha watu wao lugha za kwenda kuzitumikia ng'ambo, ukalimani ukiwamo, na Kiswahili kilikuwamo. Mtoro bin Mwinyi Bakari wa Bagamoyo alifika kufundisha hapo mwaka 1900. Bosi wake wa somo alikuwa Carl Velten, aliyekuwa mkalimani wa serikali ya kikoloni Dar es Salaam. Mwaka 1903 kikatoka kitabu cha Desturi za Wasuaheli. Sehemu kubwa ya maneno ni ya Mtoro, jina la jalada ni la Velten. Naona hutahitaji nikufafanulie kwa nini nimekukumbusha hicho.

Mwaka 1904 Mtoro akamwoa Bertha, Mjerumani wa hapohapo Berlin. Mwaka 1905 wakapanda meli kuja nyumbani, na gavana wa kikoloni, von Götzen, hakuwaruhusu kushuka Dar es Salaam kama mume na mke. Wakarudishwa na meli. Hakuiona tena Bagamoyo. Alifia Berlin 1927, akiwa ameishi miaka hiyo kwa kufundisha na kutoa mihadhara. Ndoa kama yako iliwahi kugonganishwa na serikali nzima. Wewe leo hakuna gavana bandarini, kuna mwanamume anayeogopa meza ya mama yake. Hilo linarekebishika.

La pili, uraia, na hapa tulia kabisa. Upande wa Ujerumani, tangu tarehe 27 Juni 2024 hawadai tena uukane uraia wako wa awali. Ndiyo maana mumeo anaona jambo ni jepesi. Anasoma karatasi ya upande mmoja. Upande wa Tanzania, mtu mzima akichukua kwa hiari uraia wa nchi nyingine, wa Tanzania unamtoka. Ungekuwa Mkenya nisingekuandikia aya hii, wao katiba yao ya 2010 imewaruhusu. Sisi tumetengenezewa hadhi maalum kwa wenye asili ya Tanzania, na hiyo si uraia. Je, una shamba Lushoto? Una urithi unaongojewa kugawanywa? Ardhi na asiye raia ni mambo mazito kwetu. Nenda ubalozi wetu, uko hapohapo Berlin, uulize hadhi hiyo inakupa nini na haikupi nini leo, siyo alichosikia shemeji yako mtandaoni. Halafu ongea na wakili wa nyumbani. Binti yako hana haraka, anaweza kubaki na pande zote mbili mpaka afike miaka kumi na minane. Mwenye haraka ni mumeo, na haraka yake ni ya kalenda ya uhamisho.

Kurudi Lushoto na mtoto, kama itafika huko, iwe ni kitu mlichokaa mkakubaliana wawili. Ukimchukua mtoto kimyakimya utakuwa umefanya lilelile unalomlaumu nalo, kumwamulia mtu bila kumsikilizisha.

Nimebakiza harusi.

Umeuliza mama mkwe alisikia nini mjomba aliposema. Kuna anayejua, na unalala naye kitanda kimoja. Harusi ya 2017 haikosi video, hakuna harusi ya Lushoto isiyo na mtu wa kamera anayeziba njia ya kwenda madhabahuni. Itafuteni. Na kwa kuwa mumeo ni mfasiri, mpe kazi ya mfasiri, ile anayoiweza: aketi na karatasi na kamusi, aandike kwa Kijerumani hotuba yote ya mjomba, na kwa Kiswahili yote aliyosema mama yake siku ile. Hakuna wa kumtazama usoni, hakuna anayesubiri na chai mkononi. Ana muda mpaka Krismasi. Kwa wafasiri makini andiko halitoki bila jicho la pili, na jicho la pili ni lako, video ikiwa mbele yako. Ukikuta "mkimchoka" limegeuka kuwa neno jingine lolote, mrudishie karatasi.

Likikaa sawa, nakala ipelekwe kijijini kwa mama yake kwa posta. Na humo humo ndani ya bahasha mtie mwaliko wa mama yako, ule wa kila Krismasi, ukiwa umeuandika wewe kwa mkono wako, na makosa yake.

Shangazi